Taa ya Mama wa Mimba

Mama Muzalishaji hajui kurudisha gari nyuma. Naanza na hilo kwa sababu ndilo jambo ambalo mtaa wetu mzima unalijua juu yake. Akikuta barabara imefungwa, labda kamyo limezama kwenye matope, hageuki. Anazima gari, anafungua mlango, anatoa mguu mmoja nje, anangoja kamyo litoke. Na kama kando kuna kiwanja cha mtu, anapita humo humo, kati ya kamba ya nguo na jiko, akiwasalimia wenye nyumba kwa adabu nyingi, halafu anatokea avenyu ya pili. Siku moja baba alimwuliza kwa nini hajifunzi, kwani ni kazi ya asubuhi moja tu. Akajibu, "Mutoto akisha kuanza kutoka, anarudiaka ndani? Basi na mimi vile vile."

Tunakaa naye ukuta kwa ukuta huku Mikelenge, mjini Kindu. Jina analo, na wakubwa wanalijua, lakini hakuna anayelitumia. Kwenye maternite, hospitali ya wazazi, wanamwandika akusheze, yaani mkunga. Kwetu ni Mama Muzalishaji, na watoto wengi wa shule yangu walipita mikononi mwake kabla ya kupita kwa mama zao. Mimi pia. Hilo haniachii nilisahau. Mbele ya wenzangu, hata mbele ya mwalimu wetu wa Kifaransa, anaweza kueleza kwamba nilitoka nimekunja sura kama mzee aliyeamshwa kwenye usingizi wa mchana. Mimi ni mtu wa aibu, naangalia viatu vyangu. Yeye anacheka mpaka mabega yanaruka.

Ana maneno yake. "Pumua kwanza, ujibu nyuma," anawaambia wanawake wenye uchungu, na polisi wa barabarani, na mbuzi wetu. Akiwa na mzazi, kwa subira hakuna wa kumshinda. Mama yangu anasema alikaa naye tangu jua linatoka mpaka jua linalegea, wala hakumwambia hata mara moja afanye haraka. Lakini mpe sufuria ya maji aingojee ichemke, utamwona mtu mwingine. Anafunua, anafunika, anafunua tena, anayasema maji kwamba ni mavivu. Uji wake hauivi.

Na sombe yake, majani ya muhogo anayopika, Mungu anisamehe, haina chumvi. Anatuletea kila Idi na kila Noeli, maana sikukuu zote ni zake: shehe anadhani ni mtu wake kwa kuwa wanafunga pamoja, na padri anadhani ni mtu wake kwa kuwa anaimba kwaya. Mama anaipokea ile sombe kwa mikono miwili, anashukuru, halafu anaipeleka nyuma ya nyumba kuitia chumvi kabla hatujala. Tulifikiri ni mambo ya kazi yake. "Watu wa maternite," mama alisema, "wanaogopa tansio, presha ya damu, hata ya jirani."

Gari lake lilikuja kwa treni, kutoka upande wa Kalemie, limefungwa kamba juu ya behewa kama mbuzi wa mahari. Ni gari dogo jeupe la Kijapani, volani, yaani usukani, iko mkono wa kuume. Alilitafuta miaka mingi kwa kazi moja tu, kuwapeleka wanawake wa mimba maternite, na habebi mtu mwingine asiyefuatana nao. Mwanaume akisimama kando ya barabara na kuomba apandishwe, anapunguza mwendo, anateremsha kioo, anamwuliza mimba yake ina miezi mingapi. Kila akiwasha lile gari, sauti ya mwanamke inasema neno kwa Kijapani, kwa upole. Hakuna mtu Kindu anayejua inasema nini. Mama Muzalishaji anaijibu, "Ndiyo, mama, asante," ndipo anaondoka. Anasema si vizuri kumnyamazia mtu anayekusalimia kila siku.

Sheria yake ndani ya gari ni moja. Mwenye mimba anakaa mbele, kando yake. Wakwe, mashangazi, mabeseni na vitenge vinakwenda nyuma.

Sasa nifike kwenye taa. Gari lilipokuja, taa hiyo haikuwapo. Baada ya msimu mmoja wa mvua ikajitokeza yenyewe nyuma ya volani, nyekundu, na ikakataa kuzimika. Ina picha ya mtu aliyekaa, na mbele yake, pale penye tumbo, duara kubwa. Mtu mwingine angeogopa. Mama Muzalishaji alifurahi. Alituita mmoja mmoja tuingize kichwa dirishani tuone. Aliniinamisha mpaka pua yangu ikakaribia kugusa kioo cha saa za gari.

"Unaona ile tumbo?" aliniuliza. "Hii gari imebeba mimba mingi, sasa imejua kazi yangu."

Nikasema naona. Akanieleza zaidi. Kwa jinsi tumbo lilivyokaa, yule mama wa kwenye taa alikuwa na miezi minane, na mtoto amelala vizuri, kichwa chini. Nilitaka kumwuliza mbona inawaka hata siku gari halina mtu. Sikuuliza, lakini kuna dereva wa moto, hizi pikipiki za kubeba abiria, aliyeuliza, akajibiwa kwamba inakumbuka. Watu wa moto wakalipa gari jina, Taa ya Mama wa Mimba, na likipita walikuwa wanalipigia honi ya heshima. Naye alinyanyua kidevu kama mke wa gavana.

Aliyeharibu furaha hiyo ni fundi mmoja mwenye gereji karibu na gare, stesheni ya treni. Ni mtu mzima, mnene, alianza kazi kule Kampene akitengeneza moto za wachimbaji, na hasemi neno mpaka aone limehitajika. Mke wake alikuwa amezaa, na Mama Muzalishaji aliwarudisha nyumbani. Fundi alikaa nyuma, mtoto mapajani, akaiona taa juu ya bega la dereva. Walipofika alimpa shangazi mtoto, akarudi dirishani, akasema, "Mama, ile si mimba. Ile njo erbagi."

Akamweleza. Ni mfuko wa hewa uliokunjwa ndani ya volani. Gari likigonga kitu kwa nguvu, unafumuka kwa kufumba na kufumbua na kumpokea mtu kifuani. Lile duara ni mfuko. Taa hiyo inatakiwa kuwaka kidogo ukiwasha gari, kisha izimike. Ikibaki, gari linasema mifuko yake inaumwa na haliwezi kuahidi kitu. Mama Muzalishaji alicheka kwanza. Halafu akaacha kucheka, akauliza kama mfuko uko kwa dereva peke yake. Fundi akaweka kiganja juu ya dashibodi, upande wa abiria, akasema na hapa uko mwingine. Kama angenyamaza pale ingekuwa afadhali. Lakini ni mtu mkweli, akaongeza kwamba amesikia habari za mfuko uliofumuka wenyewe, ingawa yeye hajauona.

Kuanzia siku hiyo gari lilisimama kiwanjani. Mama Muzalishaji alilifunika kitenge, tena kizuri.

Mtaa ulikuwa na ushauri, kama kawaida. Dereva wa moto alisema abandike plasta juu ya taa, asiione tena. Fundi mwingine, kijana wa haraka haraka, alijitolea kuing'oa balbu. Mama Muzalishaji akawafukuza wote wawili. "Mugonjwa akilia," alisema, "hatumufungi kinywa." Wengi walimwambia jambo lililokuwa na akili: nyuma hakuna mfuko, basi awaweke wanawake nyuma mpaka gari lipone. Alikataa bila kueleza. Tukasema ni ukaidi wake, ule ule wa kutorudi nyuma.

Wanawake wakarudi kupanda moto. Mmoja wa avenyu yetu aliondoka hivyo, amebanwa katikati, dereva mbele na wifi yake nyuma, tumbo limelala juu ya mgongo wa dereva. Mama Muzalishaji alisimama kwenye mlango wa kiwanja akaiangalia ile moto mpaka ikapinda. Halafu akavaa viatu, akaifuata kwa miguu, kuvuka mji. Alirudi kesho yake na mguu umevimba. Yule mama alizaa vizuri, lakini Mama Muzalishaji hakutucheka tena kwa siku nyingi. Hata mbuzi wetu hakuambiwa apumue.

Ni mama yangu aliyemkabili. Nilikuwa natwanga sombe, nao wamekaa kwenye viti vidogo. Mama alimwambia waziwazi kwamba anatesa watu kwa kichwa kigumu, gari liko, mafuta yapo, kiti cha nyuma kiko. Kwa nini siyo nyuma?

Yeye akapumua kwanza.

Alianza mbali, wakati wa vita, kabla mimi sijazaliwa. Treni haikuwa inafika, mashua hazikuwa zinapita mtoni, na watu wa mji walikuwa wamejificha porini pamoja na wanakijiji. Yeye alizalisha huko, chini ya majani ya migomba. Akapata mwanamke ambaye mtoto alikaa vibaya, akaona lazima wamrudishe mjini, kwa daktari mmoja aliyekuwa bado amebaki. Walikuwa na baiskeli. Wakamweka kwenye kiti cha nyuma, wamemfunga kitenge asianguke, mume wake akiishika baiskeli kwa mbele akitembea. Njia ilikuwa nyembamba, ya mtu mmoja. Mama Muzalishaji alisukuma kwa nyuma.

"Mi nilikuwa naona mugongo tu," alisema. "Alikuwa analia, kisha akanyamaza. Nikafikiri amelala. Nikafurahi, nikasema acha apumuzike kidogo. Tulitembea vile, mi niko nafurahi, mpaka tukafika."

Walipomfungua kile kitenge, alikuwa amekufa. Mchi wangu ulikuwa umesimama, na sikujua kama niendelee kutwanga au hapana.

"Wa kwangu atakaa mbele," akasema. "Pale naona uso."

Hapo ndipo tulipoelewa kiti cha mbele. Mama alinituma kwa fundi wa karibu na gare, nikamwambie kwamba Mama Muzalishaji anakubali agange gari, lakini akipe kiti cha mbele afya kamili. Nilimwambia fundi kwa sauti ndogo hivi kwamba alinifanya nirudie.

Alikuja Jumapili baada ya misa, na mashine ndogo ya kusoma magari, ameiazima kwa mwenzake. Akaichomeka chini ya volani. Mashine ikafikiri, halafu ikasema ugonjwa hauko mbele kabisa. Uko kwenye waya za kiti cha dereva. Fundi alitueleza kwamba mifuko yote inalindwa na kichwa kimoja, waya mmoja ukikatika popote, taa inawaka na kichwa hakiwezi kuiamini hata mifuko iliyo mizima. Akatoa waya wa batri. Kisha akakaa juu ya tofali, akakunja mikono.

Mama Muzalishaji akamwuliza anafanya nini. Fundi akasema anangoja, kwa sababu hata ukikata batri, umeme kidogo unabaki ndani, na mkono ukiingia mapema mfuko unaweza kufumuka usoni. "Kidogo ngapi?" akauliza. Fundi akasema asubiri. Mama Muzalishaji akalizunguka gari. Akafungua mlango, akaufunga. Akasema hata watoto hawachelewi hivi. Mama yangu, ambaye alikuwa anangojea nafasi hiyo tangu niingie duniani, akamwambia, "Pumua kwanza."

Saa ya kungoja ikaisha, fundi akapiga magoti, akapeleka mkono chini ya kiti cha dereva.

"Pale hapana kitu," Mama Muzalishaji akasema.

Fundi hakuwa ameuliza. Alivuta mkono, akatoka na kifurushi cha kitambaa kilicholowa. Akarudisha mkono, akatoa kingine. Halafu cha tatu, ndani ya plastiki iliyopasuka. Akafungua fundo moja, akaonja kwa ncha ya kidole. Ilikuwa chumvi, chumvi tupu, imelia maji ya msimu mzima wa mvua. Na chini yake, pale ambapo maji yale ya chumvi yalikuwa yakidondoka, ilikuwa fishi ya manjano, plagi inayounganisha waya za kiti, imeota kutu ya kijani kama jani la mtoni.

Tulicheka. Siwezi kudanganya, hata mimi nilicheka kwa sauti. Mama aliuliza chumvi inatafuta nini chini ya makalio ya mtu mzima, na sombe inalia haina. Mama Muzalishaji alikasirika kweli, kama mtu aliyefunguliwa sanduku.

"Ile si ya kula," akasema.

Habari yake ikatoka polepole, na fundi akiwa bado amepiga magoti. Kule porini chumvi ilikuwa imekwisha. Watu walichoma majani ya mtoni wapate majivu yake ya kutia chakulani. Dawa hazikuwapo. Kitu pekee alichokuwa nacho cha kuwasafisha wazazi wakishachanika ni maji yaliyochemka na chumvi kidogo. Alikuwa na chumvi yake kwenye fundo la kitambaa cha kichwa, na askari mmoja alipomwuliza mle kuna nini, akamjibu ni dawa ya wazimu, kama anataka aonje. Tangu pale hajakaa mahali pasipo na chumvi karibu. Chini ya kitanda ipo. Kwenye kabati la maternite ipo, ingawa siku hizi kuna dawa za kutosha na daktari anamkataza. Kwenye mkoba wa kwaya ipo. Na yeye mwenyewe haitii chakulani, kwa sababu mkono unakataa kuipunguza.

Niliandika jioni ile kwamba vita vilimfanyia mambo mawili: baiskeli ilimnunulia gari, na chumvi ikalitia ugonjwa. Sijui kama ni sawa kuandika hivyo juu ya mtu. Lakini ndivyo ilivyokuwa.

Fundi alisafisha kwa burashi na alkoli, ambayo Mama Muzalishaji alikwenda kuileta mwenyewe, akasimama juu ya kichwa chake akimwonyesha jinsi ya kusafisha kidonda kutoka katikati kwenda nje. Pini mbili za ile fishi zilikuwa zimeliwa kabisa. Kwa hiyo akaenda kukata fishi nzima kwenye gari la aina ile ile lililokufa zamani gereji kwake, akaiunganisha waya kwa waya, akaifunga juu isiguse sakafu. Batri ikarudi. Mashine ikafuta ule ugonjwa kwenye kichwa cha gari, maana gari nalo, alisema, usipolifuta linaendelea kukumbuka hata likishapona.

Mama Muzalishaji akakaa, akazungusha ufunguo. Mwanamke wa Kijapani akasalimia. Taa ikawaka.

Hakumjibu mwanamke. Aliiangalia taa tu. Fundi akasema ngoja, inasalimia nayo. Tukangoja wote, vichwa dirishani. Ikazimika.

Mikono yake ikabaki juu ya volani, kama ana huzuni kidogo. Halafu akatugeukia na sura yake ya kazi. "Basi," akasema, "amezaa salama."

Fundi alimwomba jambo moja, asiweke chumvi tena mahali penye waya. Akakubali haraka mno, akauliza ni wapi kwenye gari ambapo hakuna waya. Mimi nina mashaka na buti la gari.

Mara ya mwisho niliyopanda gari hilo ilikuwa siku ya mvua, natoka shule. Nilikuta moto zimesongamana karibu na reli, zinapiga honi, na siyo ya heshima. Gari jeupe lilikuwa katikati ya barabara, linakwenda kama bata. Liliponifikia likasimama kabisa, kioo kikateremka, akaniambia niingie nyuma.

Mbele alikaa mwanamke nisiyemjua, ameshika mkanda kwa mikono miwili, anapumua kwa mdomo. Nyuma hapakuwa na mtu, mume alikuwa safarini Punia na mkwe hakupatikana. Niliona mara moja kwa nini moto zilikuwa zinalalamika. Mama Muzalishaji alikuwa ameshika volani na amegeuza kichwa, anamwangalia yule mama usoni. Barabara alikuwa anaikumbuka tu.

"Wewe angalia barabara," akaniambia. "Mi naangalia huyu."

Nikasema, "Shimo."

Akasema hasikii, gari likaingia kwenye shimo. Mama wa mbele akalia. Nikasema kwa nguvu kidogo kuna mbuzi. Akauliza upande gani. Sijawahi kumpigia mtu mzima kelele, wala mtoto. Lakini mbuzi alikuwa kushoto, tena wawili, na nyuma yao mkokoteni wa mifuko ya makaa, na Mama Muzalishaji alikuwa anamwambia yule mama, polepole kabisa, nakuona, pumua, niko nakuona. Basi nikapiga kelele. Kushoto, Mama. Sasa kuume. Moto inakuja. Simama. Polisi, mwache apite. Kuku. Sokoni watu waligeuka kuangalia gari lenye mtoto wa shule anayeimba mashimo, na mimi sikuwa na nafasi ya kuona aibu.

Tulifika maternite. Mlango ulifunguliwa, yule mama akashuka kwa miguu yake mwenyewe, akaingia ndani, ameshikwa mkono na muuguzi. Mimi nilikuwa nimeona kisogo chake tu, misuko mitano na kitambaa kilicholegea. Koo langu lilikuwa linawaka. Mama Muzalishaji alibaki amekaa kidogo kabla ya kuwafuata, nikamwuliza yule mama alikuwaje njiani, kama aliumia sana, kama aliogopa.

"Uchungu alikuwa nao," akasema. Akatoa ufunguo. "Lakini alikuwa anakucheka, mutoto yangu. Njia yote."